Bibi, Kijumbe wa Pokémon

Nyumba yetu ya Ngamiani, Tanga, haijawahi kukosa kisa. Lakini kabla Mjomba hajatuma lile boksi, visa vyetu vilikuwa vya watu wa kawaida: mpangaji kahama na ufunguo wa choo, paka kazalia kwenye kabati la nguo za Idi, Baba watoto kanunua samaki wa kulisha arusi katika nyumba ya watu sita. Boksi lilipofika kutoka Uingereza ndipo tulipoanza kununiana kwa ajili ya viumbe ambao hakuna mwanadamu aliyewahi kuwaona wakitembea.

Mjomba ni kaka yangu wa tumbo moja. Alikuwa akihama nyumba huko aliko, akakuta kwenye sanduku la utotoni mwake mashine mbili za Game Boy, kaseti mbili za gemu la Pokémon, moja nyekundu na moja ya bluu, na waya mmoja mfupi. Akavifunga vizuri, akaandika juu: "Za wapwa zangu." Wapwa zake ni watatu. Wa kwanza tunamwita Dada, wa pili Kaka, na wa tatu ni kitinda mimba wangu, mwenye umri wa kuweza kubonyeza kila kitu na kutosoma chochote. Ukigawa mashine mbili kwa watoto watatu hesabu imeshaharibika kabla hujaanza.

Kwa asiyelijua gemu lenyewe, unaanza ukiwa mtoto wa kijiji kinachoitwa Pallet Town. Profesa Oak anakupa kiumbe mmoja kati ya watatu, pamoja na daftari la kielektroniki, Pokédex, likiwa tupu. Kazi zako ni mbili. Ya kwanza ni kuwashinda wakuu wanane wa kumbi za mapambano, kisha wale wanne wa mwisho na hasimu wako. Hiyo humalizwa na yeyote mwenye subira. Ya pili ni kulijaza daftari, na hiyo ndiyo iliyotuvunjia amani. Viumbe ni 151, na hakuna kaseti inayowabeba wote. Ekans, Oddish, Mankey, Growlithe, Scyther na Electabuzz wako kwenye Nyekundu tu. Sandshrew, Vulpix, Meowth, Bellsprout, Pinsir na Magmar wako kwenye Bluu tu. Mwenye moja akiwataka wa nyingine, sharti achomeke waya, akae na mwenzake, wabadilishane.

Na hilo lilikusudiwa. Aliyelibuni gemu, Mjapani Satoshi Tajiri, alikuwa mtoto wa kukusanya wadudu huko Machida, pembezoni mwa Tokyo. Alipouona waya wa kuunganisha Game Boy mbili, aliwaona wadudu wakitambaa ndani yake kwenda upande wa pili. Kila nikiutazama waya ule nilikuwa nikiona watoto wangu wawili, kila mmoja ameshika ncha yake, na hakuna anayetaka kuachia.

Ugomvi wa kwanza ulikuwa wa rangi. Gemu lilipotoka Japani mwezi Februari 1996, kaseti zilikuwa Nyekundu na Kijani. Lilipopelekwa Marekani mwaka 1998 na Ulaya mwaka 1999 ndipo Kijani ilipoachwa, ikaletwa Bluu. Baba watoto, ambaye ni Yanga tangu akiwa mgongoni mwa mama yake, alipoelezwa hayo na Mjomba kwa simu alinyamaza muda mrefu. "Kwa hiyo Wajapani walitoa Simba na Yanga," akasema, "Wazungu wakaidhulumu Yanga." Tangu hapo aliapa kwamba kaseti nyekundu hataigusa. Dada akaichukua haraka kabla hajabadili mawazo. Kaka akabaki na ya bluu.

Ugomvi wa pili ulikuwa wa betri. Mashine moja ni Game Boy Pocket, inayotumia betri mbili nyembamba, zile zile za rimoti ya televisheni. Ya pili ni Game Boy Color, inayotumia betri mbili za kawaida, zile zile za saa ya ukutani na redio ya Bibi. Mnaweza kukisia yaliyofuata. Saa ya ukutani ikaganda. Baba watoto akawa anainuka kitini kubadili stesheni, kila akiinuka anaguna. Redio ya Bibi ikakataa kuwaka saa ya matangazo ya vifo, akashinda siku nzima hajui nani katangulia mbele ya haki. Na kwa kuwa vioo vya mashine zile havina taa ya ndani, umeme ukikatika watoto walihamia jikoni chini ya taa yangu ya sola, wakanizibia njia ya kufika kwenye jiko.

Betri iliyotutoa machozi hasa, lakini, ilikuwa ya ndani. Kaka alicheza tangu asubuhi, akasevu, akazima, akaenda kuoga. Aliporudi kuwasha, hakukuwa na gemu. Mjomba alipoulizwa akacheka. Kaseti zile, akasema, hutunza kumbukumbu kwa betri ndogo ya kidonge iliyochomelewa kwa risasi ndani yake, na betri hiyo ina umri wa kumzidi Dada. Ikifa, kila ulichosevu kinakufa nayo ukizima mashine. Ikabidi twende kwa fundi redio, akazifungua kaseti zote mbili, akayeyusha risasi, akatoa vidonge vya zamani na kuweka vipya. Bibi alimuuliza kama na yeye anaweza kumbadilishia kidonge cha kumbukumbu. Fundi akasema kazi hiyo bado hajafundishwa.

Sasa wakaanza kwa dhati. Dada ni mtu wa kuuliza kabla ya kuvuka barabara, akamchagua Bulbasaur. Kaka akatazama picha tatu, akaona mmoja ana moto mkiani, hakuhitaji kuona zaidi. Akamchagua Charmander. Hapo ndipo tofauti ya tabia inapogeuka tofauti ya jasho. Mkuu wa kwanza ni Brock, mwenye viumbe vya mawe; wa pili ni Misty, mwenye viumbe vya maji. Moto hauunguzi mawe, na mbele ya maji ndiyo kabisa. Majani ya Bulbasaur yanawashinda wote wawili. Dada akapita kwa Brock akiwa anakula mhogo. Kaka akapigwa, akarudi, akapigwa tena, akaituhumu mashine kuwa imerogwa. Dawa alipewa na dada yake bila malipo, kwa sababu siku hizo walikuwa bado wanasemezana: rudi msituni, mkamate kiwavi Caterpie, umlee. Kwenye levo ya 7 anakuwa Metapod, levo ya 10 anakuwa kipepeo Butterfree, na akifika levo ya 12 anajifunza pigo la akili ambalo mawe ya Brock hayana kinga nalo. Kipepeo huyo huyo baadaye anajifunza kumwaga unga wa usingizi, na kiumbe aliyelala ni rahisi kumnasa kuliko aliye macho. Kaka alikuwa na imani yake nyingine kwamba ukibonyeza kitufe kwa nguvu wakati mpira unatikisika, mateka hatoki. Vitufe viliteseka bure. Gemu halijali kabisa unabonyeza nini wakati huo.

Amani ilikufa siku ya Kadabra.

Kuna viumbe wanne ambao hawakui hata uwalishe nini, mpaka wavushwe kwenye waya: Kadabra, Machoke, Graveler na Haunter. Kaka alikuwa na Kadabra wake aliyemlea kwa mapenzi. Wakakubaliana na dada yake, kwa maneno ya mdomo, kwamba amvushe, akikua arudishwe. Waya ukachomekwa, Kadabra akavuka, akafika upande wa Nyekundu na kugeuka Alakazam, mwenye vijiko viwili mikononi na akili za kushinda karibu kila mtu. Dada akamtazama. Akasema, "Huyu akae kwangu kidogo kwanza."

Yule "kidogo" alikaa. Kaka akaja kwangu, nikamwambia aende kwa baba yake. Baba yake akamwambia aende kwa mama yake. Usiku wake waya ulitoweka. Tulikuja kuupata ndani ya gunia la mkaa, na hakuna aliyekiri. Katika nyumba sasa kulikuwa na wapiganaji wawili hodari, kila mmoja na daftari lenye mapengo, na mapengo ya mmoja ndiyo mali ya mwingine.

Kisha kitinda mimba naye akaingia uwanjani. Katika gemu hili kuna mpira mmoja uitwao Master Ball, ambao haujui kukosa. Unapewa na mkurugenzi wa kampuni ya Silph baada ya kumwokoa kutoka kwa majambazi, na hupewi mwingine. Kila mtu mwenye busara anauweka kwa ajili ya Mewtwo, kiumbe wa levo ya 70 anayeishi katika pango la Cerulean, ambako huruhusiwi kuingia mpaka uwashinde wale wanne wa mwisho. Dada alikuwa ameuweka. Akaenda msalani, akaiacha mashine juu ya kochi. Kitinda mimba akakutana na Zubat, popo asiye na thamani, anayejaa kila pango kiasi kwamba watu hulipia dawa za kumfukuza. Akafungua mfuko, akachagua mpira wenye rangi nzuri, akarusha. Kisha, kwa kuwa dada yake mwenyewe alimfundisha kwamba ukimaliza lazima usevu, akasevu.

Kilio cha Dada kilimtoa jirani nje akiwa na ndoo ya maji, akidhani kuna moto.

Baba watoto alipoona nyumba imekuwa na pande tatu, akaamua kuleta suluhu ya kiume, yaani bila kumuuliza mtu. Alikuwa amesikia watoto wakilalamika kwamba hata wangepatana, kuna kiumbe hawatampata kamwe: Squirtle. Walikuwa na haki. Viumbe wa kuanzia ni watatu, kila mchezaji anapewa mmoja; Dada alichagua jani, Kaka moto, na mtoto wa maji akabaki kwa Profesa. Basi usiku, sote tumelala, Baba watoto akachukua mashine ya Kaka yenye kaseti ya Bluu, akaanza gemu jipya, akamchagua Squirtle, akacheza mpaka akapata Pokédex, akafurahi, akasevu. Kaseti ile ina nafasi ya gemu moja tu. Mashine ilimuuliza kwa Kiingereza kama yuko radhi lile la zamani lifutwe. Akabonyeza ndiyo, kama wanadamu wote wanavyoyabonyeza masharti ya simu.

Asubuhi alimkabidhi Kaka mashine kwa tabasamu la mtu aliyeleta zawadi. Charizard hayupo. Medali hazipo. Butterfree, aliyempigania kwa Brock, hayupo. Kaka hakulia. Aliiweka mashine mezani taratibu, akamwamkia baba yake "shikamoo" kwa sauti ya mbali kabisa, akaenda zake shule. Baba watoto akanigeukia mimi. Nikamwambia chai iko kwenye chupa.

Hapo ndipo Bibi alipovua miwani.

Bibi ni mama mkwe wangu, na mtaani ni kijumbe wa upatu. Wanawake wa barabara tatu huweka fedha zao kwake, na hajawahi kutokea mtu akasema zamu yake imeliwa. Anajua nani akipokea mapema hukimbia, na nani lazima awekewe mdhamini. Alikuwa amekaa pembeni siku zote hizo akikuna nazi na kusikiliza. Jioni akatuita sote kwenye mkeka.

"Mume wangu," akamwambia Kaka, maana mjukuu wa kiume kwake ni mume, "na wewe mke mwenzangu," akamgeukia Dada, "hebu nielezeni. Mtu akishamshika huyo mdudu, halafu akamtoa, daftari linamfuta?"

Dada akasema hapana, Bibi. Daftari likishamwandika kiumbe kuwa umewahi kuwa naye, linamhesabu hata ukimtoa.

"Basi mnagombania nini?" akauliza Bibi. "Mnataka jina liandikwe, hamtaki mali. Mtu anaazimwa, anaandika, anarudisha."

Hakuna mtu katika nyumba ile aliyekuwa amelitazama hivyo, hata Mjomba kule Uingereza. Alakazam mmoja anatosha madaftari mawili. Mewtwo mmoja anatosha. Kinachokosekana ni mtu wa kuhakikisha cha kuazima kinarudi, na huyo alikuwa amekaa mbele yetu na mbuzi ya nazi.

Bibi akatoa masharti. Waya utakaa kwake, ndani ya kopo la upatu. Mabadilishano ni baada ya swala ya alasiri, kwenye mkeka, mbele yake, kitinda mimba akiwa amepakatwa ili asiurukie waya, kwa sababu waya ukichomoka katikati ya mabadilishano kiumbe anaweza kupotea. Hakuna anayepokea wa pili kabla hajarudisha wa kwanza. Na wa kurudishwa kabla ya yote ni yule mwenye vijiko. Dada akamvusha Alakazam akiwa anatazama dari. Huwezi kudanganya kwa kuzima mashine baadaye, kwani gemu hujisevu lenyewe mara tu mabadilishano yanapokamilika. Bibi alilipenda sana sharti hilo, akasema laiti na upatu ungekuwa hivyo.

Lakini Kaka alimpokea Alakazam katika gemu changa, lisilo na hata medali moja, na Alakazam akagoma. Kiumbe aliyetoka kwa mtu mwingine, au katika gemu lililofutwa, akizidi levo ya 10 hamtii mtu asiye na medali. Anasinzia, anazubaa, anafanya analolitaka. Ukimshinda Misty anakutii mpaka levo ya 30, ukimshinda Erika 50, ukimshinda Sabrina 70, na ukimshinda Giovanni wote wanakutii. Bibi akauliza kama wadogo wanatii. Akaambiwa wanatii, tena kiumbe aliyebadilishwa hupata uzoefu mara moja na nusu ya aliyezaliwa nyumbani. "Basi mpeni mwenzenu wadogo," akasema, "wakulie kwake." Dada akaanza kuwakamata watoto wa levo ya chini na kumtumia ndugu yake, mmoja mmoja. Tangu siku ya Kadabra sikuwa nimewasikia wakisemezana, na sasa nilianza kusikia majina yakipita kutoka chumba hiki kwenda kile.

Ikabaki faini ya Baba watoto.

Squirtle hakuwa pengo peke yake. Kuna kiumbe aitwaye Eevee, anayepatikana mmoja tu kwa kila gemu, katika jengo la mji wa Celadon. Ukimpa jiwe la maji anakuwa Vaporeon, jiwe la radi Jolteon, jiwe la moto Flareon. Watatu hao wanahitaji Eevee watatu, na kaseti mbili zina Eevee wawili. Kwa hiyo mwenye kaseti mbili, hata awe mwaminifu namna gani, hamalizi mpaka mmoja acheze, ahamishe vyote, afute, aanze upya. Bibi akakata shauri: kwa kuwa gemu la Bluu limeshafutwa, hasara itumiwe. Kaka apumzike. Mwanangu, akamwambia Baba watoto, utalicheza wewe hilo ulilolianzisha, na Squirtle wako, upite kwa Brock, upite kwa Misty, uvuke lile pango la giza la Rock Tunnel, ufike Celadon, umchukue Eevee. Ukimaliza unawavusha wote kwa mjukuu wangu, halafu unalifuta kwa mkono wako mwenyewe mbele yetu.

Akakubali haraka, kwa kuwa alidhani ni adhabu nyepesi. Lakini mtu akimlea kiumbe usiku kucha anamzoea. Squirtle akazidi kupanda levo. Baba watoto akaanza kurudi mapema kazini. Taarifa ya habari ya saa mbili ikawa inasomwa bila msikilizaji. Nilimkuta kibarazani na mashine, akiniambia anatafuta mtandao. Alipofika Celadon na kumpata Eevee hakusema. Tulikuja kugundua kwa sababu Kaka alimwona akipita duka la mji huo akinunua mawe. Bibi akamwita. "Mwanangu, zamu yako imekwisha." Akaomba aongezewe wiki. Bibi akamwonyesha kopo.

Ule mvusho ulikuwa mzito. Squirtle akavuka, Eevee akavuka, wengine wakafuata, na upande wa pili wakapokelewa kina Rattata na Pidgey wa kujazia nafasi, kwa sababu waya hautoi zawadi, hubadilishana tu. Kisha Baba watoto akaanzisha gemu jipya, akasevu, na lile swali la Kiingereza safari hii akalisoma mpaka mwisho.

Kaka akaichukua kaseti yake na kumchagua Charmander tena. Nilimuuliza kwa nini asichague rahisi. Akasema wengine wote wameshapatikana.

Kazi zikagawanywa. Katika Safari Zone, ambako unalipa yen 500 unapewa mipira 30 na hatua 500, Dada alitumwa kumtafuta Chansey na Kaka Tauros, kila mmoja akiwinda kwa ajili ya wawili. Kwenye visukuku na viumbe mabondia wawili wa mji wa Saffron, kila mmoja alichukua ambaye mwenzake hakumchukua. Palipozuka mjadala wa dini ni kwa Porygon, ambaye hupatikana tu kwa sarafu za ukumbi wa kamari wa Celadon. Bibi akasema kamari haingii nyumbani mwake hata kwa kiumbe wa kuchora. Watoto wakaomba rufaa: sarafu pia huuzwa kaunta, 50 kwa yen 1,000, bila kugusa mashine ya bahati nasibu. Bibi akafikiri, akaruhusu ununuzi, akakataza mchezo. Kwenye Nyekundu Porygon ni sarafu 9,999, kwenye Bluu ni 6,500. Bibi hakuhitaji kikokotoo. "Anunuliwe Bluu," akasema, "Nyekundu ataazima." Kaka akawapiga wale wanne wa mwisho tena na tena mpaka zikapatikana zile yen 130,000.

Mewtwo naye alikuja kwa njia ambayo hakuna aliyeipanga. Dada, ambaye Master Ball yake ilikuwa imemfunga popo, alikuwa na pango wazi na hana mpira. Mali za mfukoni hazivuki kwenye waya, viumbe tu ndio wanaovuka, hivyo hakuna aliyeweza kumwazima. Kaka, kwa kuwa gemu lake lilikuwa jipya, alipewa Master Ball mpya. Akafika mbele ya Mewtwo, akasevu kwanza, kwa kuwa ukimuua harudi tena, kama ilivyo kwa ndege watatu Articuno, Zapdos na Moltres na kwa Snorlax wawili waliolala njiani. Akarusha. Jioni ile kwenye mkeka alimvusha Mewtwo kwa dada yake mwenyewe bila kuombwa mara mbili. Daftari la Dada likamwandika. Na Dada akamrudisha pale pale, kabla Bibi hajafungua mdomo.

Daftari la Bibi, la kurasa za mistari, lilikuwa limejaa kuliko yote. Aliandika kama alivyosikia: Bulubasa, Kadabura, Jigilipafu. Mbele ya kila jina palikuwa na alama tatu: katoa, kapokea, karudisha.

Wa 151 ni Mew, na huyo hapatikani kwa njia za kawaida za gemu. Aliongezwa na mtengenezaji mmoja, Shigeki Morimoto, dakika za mwisho. Mjomba aliwahi kumwambia Kaka kwamba amefichwa chini ya lori karibu na bandari ya Vermilion, na Kaka akahangaika nalo sana. Lori lipo, Mew hayupo. Ni uongo wa viwanja vya shule uliozunguka dunia nzima miaka ile. Profesa Oak mwenyewe huhesabu 150. Ukiwafikisha, unakwenda kwenye jengo la Celadon wanakokaa waliotengeneza gemu, na mmoja wao anakupa cheti. Kinaonekana kwenye kioo tu, hakuna cha kutundika ukutani. Dada alikipata kwanza, Kaka baada yake, na Baba watoto aliwapongeza kwa mkono wa mtu anayejua Squirtle alitoka kwa nani.

Basi wewe msomaji ambaye nyumbani kwako kaseti hizi zimeingia, au ziko njiani kwa mkono wa shemeji fulani, pokea ushauri wa waliokwisha kuungua. Badilisheni betri ya kidonge kabla ya kuanza. Kila mchezaji achague kiumbe tofauti wa kuanzia, na mjue mapema nani atafuta gemu lake kwa ajili ya wa tatu. Master Ball iwekwe kwa Mewtwo, na watoto wadogo wawekwe mbali na Master Ball. Nunueni betri za rimoti za akiba. Na waya akabidhiwe mtu mmoja asiyecheza, mwenye daftari, ambaye nyote mnamwogopa kidogo. Mengine yote mnaweza kuyakosea na bado mkafika. Bila huyo, 150 hamtaiona.